Tupeni mahali pa kusimama: barua ya wazi kuhusu mwalimu wa Kiswahili aliyefia Sachsenhausen

Kwa Ubalozi wa Tanzania mjini Berlin,
kwa Baraza la Kiswahili la Taifa (BAKITA),
na kwa uongozi wa Makumbusho ya Sachsenhausen, Oranienburg.

YAH: OMBI LA MAHALI PA KUMSIMULIA MAREHEMU MAHJUB BIN ADAM MOHAMED

Waheshimiwa,

Tafadhali husikeni na kichwa cha habari hapo juu. Mimi ni mwongoza watalii wa Bagamoyo. Kazi hii niliianza nikibeba chupa za maji za wageni, na sasa nimefika umri ambao wageni ndio wanaotaka kunibebea mimi. Nimeziandikia ofisi tatu kwa barua moja kwa sababu jambo lenyewe haligawanyiki. Nusu yake iko huku na nusu iko huko, na barua tatu zingepishana njiani.

Mwaka jana mpwa wangu, ambaye ni muuguzi Berlin, alinialika nikamtembelee. Akaniuliza ningependa kuonyeshwa nini. Nadhani alitarajia niseme uwanja wa mpira. Nikamwambia nataka kwenda Sachsenhausen, tena niende na mwongozaji wetu wenyewe, si kwenye kundi la watu arobaini wanaofuata mwavuli. Simu ikawa kimya kidogo. "Mjomba, ile ni kambi ya mateso. Watu hawaendi kule kutembea." Nikamjibu kwamba hilo nalijua, ila kule kuna mtu wetu.

Mtu wetu huyo sikumjulia darasani. Niliambiwa habari zake na bibi mmoja Mjerumani, mgeni wangu, tulipokuwa pale ufukweni Bagamoyo ambapo Wajerumani walikuwa wakinyonga watu. Nilikuwa nimemaliza kusimulia vita vya Abushiri, na jinsi mwenyewe alivyonyongwa Pangani mwezi wa 12 mwaka 1889. Hapo kwa kawaida mgeni hunyamaza, au huuliza choo kiko wapi. Bibi yule alitoa simu akanionyesha picha ya kibati cha shaba, si kikubwa kuliko kiganja, kimepachikwa katikati ya mawe ya njia ya waenda kwa miguu. Akaniuliza: "Na huyu wa kwenu, aliyefia mikononi mwetu kwetu, huwa unamsimulia?" Nikasema simjui. Miaka yote ile nauza historia ya Wajerumani kwa Wajerumani, halafu mteja ndiye ananifundisha!

Kibati hicho kipo Brunnenstraße 193, Berlin, tangu mwaka 2007. Kimewekwa kwa ajili ya Mahjub bin Adam Mohamed, ambaye Ulaya alijulikana zaidi kwa jina la Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, baba yake akiwa askari Msudani katika jeshi la Wajerumani. Vita vilipoanza mwaka 1914 mtoto akamfuata baba jeshini. Oktoba 1917, kwenye mapigano ya Mahiwa, akajeruhiwa, kisha akawa mateka wa Waingereza. Fanyeni hesabu wenyewe: alikuwa na miaka 13. Huku kwetu umri huo ni wa kutumwa dukani na kurudi na chenji.

Baada ya vita alifanya kazi melini, na mwaka 1929 akashuka Ujerumani kudai mshahara wa jeshi ambao yeye na baba yake hawakuwahi kulipwa. Alikwenda kudai hela. Neno hili "hela" tumelitoa kwao, kwenye sarafu ya Heller, iliyoanza kutumika katika koloni lao mwaka uleule wa 1904 aliozaliwa yeye. Walituachia jina la pesa, pesa yenyewe wakamnyima, kwa maelezo kwamba amechelewa kudai.

Akabaki Berlin. Akawa mhudumu kwenye mikahawa na baa za Haus Vaterland, pale Potsdamer Platz. Akafundisha Kiswahili chuo kikuu, chini ya maprofesa waliojua sarufi kuliko yeye na kuzungumza vibaya kuliko mtoto wa Kariakoo. Mwezi Januari 1933 akamwoa mwanamke wa Kijerumani, siku chache tu kabla Hitler hajashika madaraka. Akaigiza filamu, nyingi zikimpa nafasi ya mtumishi mweusi anayebeba kitu. Mojawapo ni ile ya mwaka 1941 iliyotengenezwa kumtukuza Carl Peters, mwasisi wa koloni lao huku kwetu, ambaye wazee wetu walimpa jina la Mkono wa Damu. Mwaka huohuo Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, wakamkamata kwa tuhuma ya uhusiano na mwanamke mweupe, jambo waliloliita kuiaibisha damu ya Kijerumani. Mahakama haikumhukumu. Alipelekwa Sachsenhausen, akakaa huko miaka mitatu na kitu, akafa tarehe 24 Novemba 1944.

Hiyo ndiyo habari niliyokuwa nayo mfukoni asubuhi tulipopanda treni ya S1 hadi mwisho wa reli, Oranienburg.

Kutoka kituoni ni mwendo wa kama dakika ishirini kwa miguu, na unapita kwenye nyumba za watu. Hilo sikulitegemea. Kuna bustani, mapazia, baiskeli ya mtoto imeegeshwa ukutani, halafu ghafla ukuta wa kambi. Mwongozaji wetu alikuwa akitungoja mlangoni, mtu mzima, kitambulisho shingoni, koti limechakaa mifukoni kwa sababu ya kutia na kutoa karatasi. Nikamtambua kuwa wa ukoo wetu hata kabla hajafungua mdomo.

Waheshimiwa wa Oranienburg, nina la kuwasifu hapa, na nalisema kama fundi anavyomsifu fundi mwenzake. Mtu yule alitusimamisha mgongo ukiwa umeelekea kambi, akatusimulia kwanza mwaka 1936, jinsi wafungwa walivyoletwa kukata miti na kuijenga kambi hiyo kwa mikono yao wakati Berlin inapambwa kwa ajili ya Olimpiki, chini ya kilomita 40 kutoka hapo. Alipomaliza tukapita chini ya mnara wa lango, kwenye yale maneno ya chuma yanayosema kazi humweka mtu huru, ndipo akatwambia tugeuke tuuangalie mnara. Bila kuambiwa kitu nikaelewa kwa nini kambi ilichorwa kwa umbo la pembetatu: mtu mmoja mwenye bunduki ya rashasha pale juu angeweza kuona safu zote za mabanda kama vidole vya mkono wake. Mwongozaji mbaya angeanza na maelezo ya pembetatu. Huyu aliyaachia macho yetu.

Ndiyo faida ya kwenda na mwongozaji wako peke yako. Unaweza kusimama. Kundi moja lilitupita pale langoni, vijana wawili wakapiga picha wameshikana mabega na kutabasamu, na kiongozi wao alikuwa anaangalia saa. Simlaumu sana. Najua saa ya kazi hiyo, najua basi linaloondoka. Lakini tulipofika kwenye ile njia ya kujaribia viatu, sisi tulikaa pale muda ambao hakuna kundi lingeupata.

Njia hiyo inazunguka uwanja wa kuhesabia watu. Ilitandikwa vipande vipande: mahali kokoto, mahali mawe yaliyopondwa, mahali mchanga, mahali saruji. Kuanzia mwaka 1940 wafungwa walitembezwa juu yake kutwa nzima, mpaka kilomita 40 kwa siku, ili wenye viwanda na jeshi wajue soli ipi inadumu. Nilibonyeza ncha ya kiatu changu kwenye mawe yale. Kilikuwa kiatu chembamba cha ngozi, nilichonunua kwa ajili ya safari, na baridi ya Novemba ilikuwa imeshaingia mpaka kwenye vidole. Kilomita 40 ni zaidi ya nusu ya njia ya Bagamoyo kwenda Dar es Salaam. Kila siku, unazunguka palepale, kwa tumbo la mtu anayekula supu ya maji.

Mengine nayapitia upesi, kwa kuwa yanajulikana na yamesimuliwa na wanaojua zaidi. Watu zaidi ya 200,000 walifungwa hapo kati ya 1936 na 1945. Wanajeshi wa Kisovieti waliotekwa waliuawa kwa maelfu mwaka 1941, mtu anasimamishwa kwenye ubao kana kwamba anapimwa urefu, kumbe nyuma ya shingo kuna tundu la risasi. Na baada ya vita Wasovieti nao waliigeuza kambi kuwa yao hadi mwaka 1950, wakafa watu 12,000 wengine. Mwongozaji hakuikwepa sehemu hiyo ya mwisho, wala hakuitumia kuifuta ile ya kwanza. Wapo wanaofanya hivyo, na ni mchezo mchafu.

Tulipokuwa tunatoka kwenye mabanda ya wagonjwa nikauliza swali langu. Mpwa wangu akatafsiri. "Ndani humu alikufa mtu wa Dar es Salaam, mwalimu wa Kiswahili. Wewe unamsimulia wapi?"

Akavua kofia. Akasema jina analijua, na mwaka aliofariki anaujua. "Lakini sina mahali pa kusimama naye."

Wasio wa kazi yetu hawawezi kujua uzito wa jibu hilo. Mwongoza watalii hasimulii habari, anasimulia mahali. Usiponipa mti, ukuta, ngazi au shimo, habari yako hata iwe kubwa vipi itanianguka mkononi, kwa sababu mgeni atakuwa anatazama kitu kingine. Na mwongozaji mwongo hana shida hiyo hata kidogo. Anaonyesha kitanda chochote na kusema "hapa ndipo alipolala." Nakiri mbele yenu kwamba ujanani niliwahi kuwaonyesha wageni mnyororo nikasema ulifunga watumwa. Ulikuwa mnyororo wa nanga ya mashua, na mzee mmoja wa pale aliniita pembeni akanipa maneno ambayo siwezi kuyaandika kwa Waheshimiwa. Kwa hiyo Mjerumani yule aliponiambia hana mahali, nilimheshimu. Ila nilirudi Berlin nikiwa na jambo la kuwaomba ninyi.

Ninaomba Mahjub bin Adam apewe mahali pa kusimuliwa ndani ya Sachsenhausen, na asimuliwe hapo kwa Kiswahili.

Mahali penyewe napendekeza langoni. Kwa nini langoni? Hatuhitaji kubuni banda wala kitanda. Mfungwa aliingizwa kwa lango lile, na yeye aliingizwa mwaka 1941. Hapo hakuna uongo. Hatuombi sanamu, hatuombi jiwe la marumaru wala bendera. Tunaomba dakika kumi za maneno yaliyoandikwa vizuri, ambazo mwongozaji yeyote, wa kundi au wa watu wawili, anaweza kuzitumia akisimama pale, na sauti iliyorekodiwa ambayo mtu wa Tanga, Mombasa, Bujumbura au Goma akifika ataisikiliza bila kuhitaji mpwa.

Maana mpwa wangu, Mungu ambariki, aliteseka siku hiyo. Kijerumani anakijua cha hospitali. Uwanja wa kuhesabia watu akauita "uwanja wa gwaride", na mimi nikaona kichwani bendi ya polisi na viatu vinavyong'aa. Gwaride lina heshima yake. Pale watu walisimamishwa masaa kwenye theluji mpaka wengine wakaanguka wakafa. Na kila mtu humo alimwita "mfungwa", nami nimeendelea hivyo ndani ya barua hii kwa mazoea. Lakini Kiswahili chetu kina tofauti ambayo lugha nyingi zingeitamani. Mfungwa amehukumiwa. Mahabusu hajahukumiwa. Mahjub bin Adam hakusomewa hukumu na hakimu yeyote, basi alikuwa mahabusu kwa miaka mitatu, mahabusu ambaye hakuna kesi aliyokuwa akiingojea. BAKITA, hapo ndipo ninapowahitaji. Kaeni mtafute maneno ya mahali kama pale. Tumezoea kutafuta maneno ya kompyuta. Tuyatafute na ya mambo haya, yasije yakaazimwa kutoka kwenye michezo na halaiki.

Kuhusu watu wa kuifanya kazi, hawako mbali. Chuo alichofundisha marehemu leo kinaitwa Humboldt, na bado kinafundisha Kiswahili. Wapo vijana wa Kijerumani pale wanaojifunza ngeli, wapo Waswahili wa Berlin waliozaliwa hukohuko wanaotafuta sababu ya kukitumia Kiswahili nje ya jikoni kwa mama. Wapeni mafunzo ya kuongoza wageni, wapeni idhini kama wanavyopewa wengine, kisha muwasikilize. Ubalozi ukisimamia jambo hili, kila tarehe 24 Novemba wanafunzi kumi wakapanda S1 wakaenda kusimama langoni, gharama yake ni nauli. Kuingia kwenyewe ni bure.

Na tarehe 7 Julai, Siku ya Kiswahili Duniani, ambayo UNESCO ilitutangazia mwaka 2021, naomba sherehe ya mwaka mmoja tu ihamie kule. Tafadhali, pasiwe na ngoma wala vitenge vya kutandika mezani. Watu waende, wamsikilize mwalimu wao akisimuliwa, warudi mjini wale pilau yao.

Najua kuna atakayeinua mkono aseme: huyu alikuwa kibaraka. Ni kweli alivaa sare ya askari kwenye sherehe za waliolililia koloni. Ni kweli aliomba nishani ya vita, akanyimwa, akanunua ya dukani akaivaa. Ni kweli alicheza kwenye filamu ya Mkono wa Damu, na Kiswahili alichokifundisha kiliandaliwa kwa ajili ya watu waliotumaini kurudi kututawala. Sitaki habari hizo zifichwe. Kama maneno ya langoni yatamfanya kuwa shujaa wa ukombozi, ni heri yasiandikwe, nami nitaandika barua nyingine ya kuyapinga. Lakini nimewaongoza wageni miaka mingi, na ninajua kwamba mtu asiye shujaa ndiye anayewafanya wasimame. Mtoto wa vita anayedai haki yake kwa mwajiri, anayejipendekeza kwa mwajiri ili aishi, na mwajiri anammaliza. Hapa Bagamoyo nikimsimulia huyu, hata wenye haraka ya choo wanabaki.

Yapo pia ya adabu baina ya nchi na nchi. Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikwenda Songea, akaomba msamaha kwa yaliyowapata babu zetu katika vita vya Majimaji. Nilimwona kwenye televisheni na nilikubali kwamba lilikuwa jambo la kiungwana. Mgeni akija msibani kwako, nawe una siku yako ya kwenda kwake. Huyu ndiye maiti wetu aliyeko kwao, na naona zamu imetufikia.

Waheshimiwa, naomba nimalizie na kilichotokea saa ya kuondoka, kwa kuwa ndicho kilichonifanya nichukue kalamu.

Jua lilikuwa limeshazama, ingawa ilikuwa saa kumi na nusu tu. Nilimwambia mpwa wangu amwombe mwongozaji atuwie radhi dakika mbili. Nikasimama kando ya lango, mahali pasipozuia wapitao, nikamsomea marehemu Fatiha. Mpwa wangu akaitikia. Mwongozaji alisogea hatua kadhaa akageukia ukutani, kama mtu anayemstiri mwenzake.

Nilipomaliza akaja na kijitabu chake cha mfukoni na kalamu ya risasi. Akataka nimtajie jina lile la kwanza, lile la Dar es Salaam, si lile la Berlin. Nikamtajia. Akasema "Mayub." Nikamrudishia: Mah-jub. Akaandika, akasoma, akakosea, akafuta. Mara ya tatu akalipata. Akauliza ile herufi ya katikati inatokea kooni au kifuani, na mpwa wangu akacheka kwa mara ya kwanza siku hiyo, akamwekea mkono kifuani kumwonyesha. Kisha mzee akapiga hatua mbili kurudi nyuma, akatazama chini kuona nilikuwa nimesimama wapi hasa, akachora alama kwenye kijitabu.

Wenu katika ujenzi wa taifa,

Mwongoza watalii,
Bagamoyo.

Nakala: Mpwa wangu, Berlin (ile ngeli ya "mahabusu" tutaizungumza nikija tena).